Sauti Isiyoonekana: John Barry na Nafsi ya Usimulizi katika Muziki wa Filamu

1.0 Utangulizi

Mwanafunzi wa fasihi ya Kiswahili anapotakiwa kuihakiki filamu, hana haja ya kuanza patupu. Msuko anaujua. Wahusika, mandhari, taharuki, kinaya na mbinu rejeshi ni zana alizokwisha kuzizoea katika riwaya na tamthilia. Hata hivyo, kipo kipengele kimoja ambacho aghalabu humpita bila kukigusa, nacho ni muziki. Atatueleza kwa kirefu mhusika alisema nini na alivaa nini, lakini hatatuambia ni sauti gani iliyosikika wakati mhusika huyo alipokuwa amenyamaza.

Jambo hili linashangaza tukizingatia jadi yetu. Katika fasihi ya Kiswahili, neno na sauti havijawahi kutengana kabisa. Utenzi una mahadhi yake. Ngano ina wimbo ambao fanani huuanzisha na hadhira ikauitikia. Taarab nayo ni shairi kabla ya kuwa wimbo: anayesikiliza rekodi za Juma Bhalo wa Mombasa husikia tungo nyingi ambazo si zake bali ni za Ahmad Nassir. Mmoja katunga maneno, mwingine kayapa sauti, na msikilizaji akapokea kitu kimoja. Iweje basi mhakiki aliyelelewa katika jadi hiyo aingie katika filamu akiwa ameziba masikio?

Makala haya yanadhamiria kuonyesha kwamba mtunzi wa muziki wa filamu ni msimulizi wa pili, na kwamba swali la msingi tunalopaswa kuuliza juu ya kazi yake ni lile lile tunalouliza juu ya msimulizi wa riwaya: anasimulia kwa nafsi ya nani? Tutalijadili suala hili kwa kupitia maisha ya kazi ya mtunzi mmoja, Mwingereza John Barry. Sababu ya kumteua iko karibu nasi. Katika maisha yake Barry alipata tuzo 5 za Oscar, na 3 kati ya hizo alizipata kwa filamu zilizopigwa hapa Kenya: mbili kwa Born Free ya mwaka 1966, na moja kwa Out of Africa ya mwaka 1985. Kwa maneno mengine, mtu aliyewapa watazamaji wengi wa dunia sauti ya nyanda zetu ni mzaliwa wa mji wa York, kaskazini mwa Uingereza.

2.0 Malezi na Ujuzi

John Barry Prendergast alizaliwa tarehe 3 Novemba 1933. Baba yake alimiliki majumba ya sinema, na mama yake alikuwa mpigaji piano. Kwa hiyo mtoto huyu alikulia mahali ambapo picha na sauti zilikuwa chakula cha kila siku. Alifundishwa taaluma ya upatanisho wa sauti na Francis Jackson, aliyekuwa msimamizi wa muziki katika kanisa kuu la York. Wakati huo huo alijifunza tarumbeta na kuupenda muziki wa jazi. Alipokuwa katika utumishi wa lazima wa jeshi, ambao sehemu yake aliutumikia Saiprasi, alisoma kwa njia ya posta kozi ya Mmarekani Bill Russo, ambaye alikuwa ameiandikia muziki bendi ya Stan Kenton.

Tunayataja haya kwa sababu yanaeleza mtindo wake wa baadaye. Kutoka kanisani alipata sauti ndefu zinazopanda polepole na kujaza nafasi. Kutoka katika jazi alipata ukali wa vyombo vya shaba. Kutoka katika majumba ya baba yake alipata jambo ambalo halifundishwi katika shule ya muziki, yaani kujua hadhira ikiwa gizani huhisi nini na huhisi lini. Mtunzi, kama malenga, hafinyangwi na chuo kimoja.

Mwaka 1957 aliunda bendi yake, John Barry Seven. Miaka miwili baadaye aliandaa muziki wa wimbo What Do You Want? wa Adam Faith, ambao ulifika nafasi ya kwanza katika orodha ya nyimbo za Uingereza. Faith alipopewa nafasi katika filamu ya Beat Girl mwaka 1960, Barry naye aliingia kupitia mlango huo huo, akatunga muziki wa filamu kwa mara ya kwanza.

3.0 Runinga: Paukwa ya Kisasa

Kabla hatujaingia katika filamu zake kubwa, inafaa tuitazame kazi yake ya runinga, maana hapo ndipo dhima ya muziki inapoonekana waziwazi. Wimbo wake uitwao Hit and Miss ulitumiwa kufungulia kipindi cha BBC cha Juke Box Jury kuanzia mwaka 1960. Mwaka 1971 alitunga muziki wa kufungulia mfululizo wa The Persuaders!, ulioigizwa na Roger Moore na Tony Curtis.

Muziki wa kufungulia kipindi una kazi ile ile ya fomula ya kuanzia ngano. Fanani anaposema "Paukwa!" na hadhira ikajibu "Pakawa!", hakuna habari yoyote iliyotolewa bado. Kilichofanyika ni kuwatoa watu katika shughuli zao na kuwaingiza katika ulimwengu wa hadithi. Muziki wa runinga hufanya vivyo hivyo. Mtu aliye jikoni husikia sauti zile za kwanza, akajua saa imefika, akaja kuketi.

Katika The Persuaders! Barry alifanya zaidi ya kuita. Picha za ufunguzi zinasimulia sambamba maisha ya wahusika wawili, mmoja bwana mkubwa wa Kiingereza na mwingine Mmarekani aliyejitafutia mali yake kutoka chini. Chini ya picha hizo kuna simbalomu, chombo cha nyuzi za kugongwa kutoka Ulaya ya Mashariki, na pamoja nacho kuna kinanda cha umeme cha Moog. Kimoja cha kale, kimoja kipya. Vyombo viwili visivyofanana vinavyolazimishwa kwenda pamoja, kama wahusika wenyewe. Kabla ya mtu yeyote kufungua kinywa, muziki umekwisha kututajia mgogoro na mvuto wa kipindi kizima.

4.0 Jinsi Mtunzi Anavyofanya Kazi

Ni muhimu hapa kueleza kwa ufupi utaratibu wa kazi hii, kwa kuwa mhakiki asiyeujua anaweza kudhani kwamba muziki humiminwa tu juu ya picha. Kwa kawaida mtunzi huitwa filamu ikiwa imekwisha kupigwa na kuunganishwa kwa mara ya kwanza. Huketi na mwelekezi, wakaitazama yote, wakaamua muziki uingie wapi na utoke wapi. Uamuzi huu wa mwanzo ni mzito kuliko watu wanavyofikiri, kwa kuwa mahali palipoachwa kimya nako ni kutunga.

Baada ya hapo mtunzi huandika kwa kufuata saa. Filamu ya sinema huenda kwa fremu 24 kila sekunde. Kwa hivyo mlango ukifungwa katika sekunde ya 41, sauti inayoukusudia haina budi kufika katika sekunde ya 41. Mshairi wa arudhi hawezi kuushangaa utaratibu huu. Yeye pia huandika akiwa amefungwa na hesabu: mizani 8 hapa, mizani 8 pale, kina cha kati na kina cha mwisho. Uhuru wa mtunzi wa filamu, sawa na uhuru wa mtunzi wa tarbia, hupatikana ndani ya mipaka wala si nje yake. Hatimaye wapigaji huingia studioni, na muziki hurekodiwa ukilinganishwa na picha.

Aidha, tunapaswa kutofautisha aina mbili za muziki. Kuna muziki wa ndani ya kisa, ambao wahusika wenyewe wanausikia, kwa mfano redio iliyo mezani, ngoma ya arusi au mtu anayeimba njiani. Kuna pia muziki wa nje ya kisa, ambao wahusika hawausikii. Huja kwetu sisi watazamaji peke yetu. Huu wa pili ndio sauti ya msimulizi maizi. Anajua yatakayotokea, anajua nani wa kuhurumiwa, na anatunong'oneza bila ya wahusika kujua.

5.0 Bond, Palmer na Suala la Umilikaji

Jina la Barry lilivuma kwa filamu za jasusi James Bond. Katika Dr. No ya mwaka 1962 mtunzi aliyetajwa ni Monty Norman, na Barry aliletwa kuupanga na kuupiga upya wimbo mkuu, huku Vic Flick akipiga gitaa. Mpango huo ndio uliokuja kujulikana ulimwenguni kote. Mgogoro juu ya nani hasa aliyeutunga wimbo huo ulidumu kwa miongo kadhaa. Mwaka 2001 Norman alilishtaki gazeti la Sunday Times mjini London kwa kumvunjia heshima juu ya suala hilo, akashinda na kulipwa fidia ya pauni 30,000. Kwa mwanafunzi wa fasihi simulizi, kesi hii ina mafunzo. Sisi tunajua vyema ugumu wa kumtambua mwenye wimbo pale ambapo mmoja ameleta kiini, mwingine amekipa umbo, na wa tatu amekitia sauti. Mahakama ilitoa hukumu ya kisheria. Swali la kisanaa la mchango wa kila mmoja linabaki kuwa la wahakiki.

Kuanzia From Russia with Love ya mwaka 1963 hadi The Living Daylights ya mwaka 1987, Barry alitunga muziki wa filamu 11 za Bond. Albamu ya Goldfinger, yenye wimbo ulioimbwa na Shirley Bassey, ilifika nafasi ya kwanza Marekani mwaka 1965. Muziki huu umejaa vyombo vya shaba vinavyopiga kwa kishindo. Ni muziki wa majigambo. Kama shujaa wa kivugo anayejitaja sifa zake mbele ya watu, Bond hujigamba kupitia okestra hata anapokuwa amenyamaza.

Mwaka huo huo wa 1965 Barry alitunga muziki wa The Ipcress File, filamu ya jasusi mwingine, Harry Palmer, aliyeigizwa na Michael Caine. Palmer ni mtumishi wa serikali anayelalamikia mshahara, anayevaa miwani na kujipikia mwenyewe. Hapa hatusikii majigambo. Tunasikia simbalomu ikidonoa sauti moja moja, baridi na yenye shaka. Kazi ni ile ile ya ujasusi, mji ni ule ule wa London, na mtunzi ni yule yule, ila nafsi imebadilika. Kumbe Barry alijua kwa hakika kuwa muziki hauchagui mada pekee, bali huchagua mtu wa kusimama karibu naye. Ujuzi huu tuuweke akilini tunapoingia katika filamu zake za Afrika.

6.0 Afrika katika Masikio ya Barry

6.1 Zulu (1964)

Filamu ya Zulu, iliyoelekezwa na Cy Endfield, inasimulia mapigano ya Rorke's Drift ya Januari 1879 baina ya kikosi kidogo cha Waingereza na jeshi la Wazulu. Mangosuthu Buthelezi, ambaye baadaye alipata umaarufu katika siasa za Afrika Kusini, aliigiza nafasi ya Mfalme Cetshwayo, baba wa babu yake. Muziki wa Barry katika filamu hii ni mchache sana kwa filamu ndefu kiasi hicho, na aliutunga kwa kutegemea nyimbo za Kizulu.

Sehemu inayokumbukwa zaidi haina okestra hata kidogo. Wapiganaji wa Kizulu wanaimba na kugonga ngao. Askari, ambao filamu inawachora kama Wawelsh, wanajibu kwa wimbo wao wa kwao. Huu ni muziki wa ndani ya kisa, na muundo wake ni wa malumbano ambayo sisi tunayajua tangu zamani: upande huu unatoa, upande ule unajibu. Filamu kwa jumla inaonekana kwa macho ya Waingereza walio ndani ya ngome, na hilo limekosolewa kwa haki. Hata hivyo, kwa dakika zile chache, Mwafrika anasikika kwa sauti yake mwenyewe, na mtunzi amekuwa na busara ya kunyamaza.

6.2 Born Free (1966)

Born Free inatokana na kitabu cha Joy Adamson cha mwaka 1960 juu ya simba jike Elsa, aliyelelewa na watu kisha akarudishwa porini katika eneo la Meru. Barry alitunga muziki, na Don Black akatunga maneno ya wimbo mkuu ulioimbwa na Matt Monro. Wimbo huo ulipata Oscar yake, na muziki wa filamu ukapata yake.

Mahadhi ya Born Free ni mapana. Yanapanda kwa hatua kubwa kana kwamba yanapanda mlima, na mtu akiyasikia mara moja hawezi kuyasahau. Kwa ufundi, hatuna la kulaumu. Lakini hebu tuitazame tarehe. Kenya ilipata uhuru tarehe 12 Desemba 1963. Filamu hii ilitoka miaka 3 baadaye, na wimbo wake, ambao jina lake linahusu kuzaliwa ukiwa huru, ulizagaa duniani kote. Huru ni nani katika wimbo huo? Ni simba. Nchi ambayo neno "uhuru" lilikuwa bado linanukia damu ya waliolipigania, ilijulikana ng'ambo kwa wimbo wa uhuru wa mnyama. Hatudai kwamba Barry na Black walikusudia kejeli. Tunasema tu kwamba kinaya hakihitaji kukusudiwa ili kiwepo.

6.3 Out of Africa (1985)

Filamu ya Out of Africa, iliyoelekezwa na Sydney Pollack, inatokana na maandishi ya Karen Blixen, Mdenmark aliyekuwa na shamba la kahawa chini ya vilima vya Ngong kuanzia mwaka 1914 hadi 1931. Ilipata tuzo 7 za Oscar, ikiwemo ya filamu bora na ya muziki bora.

Barry alieleza kwamba aliiona filamu hii kuwa hadithi ya watu wawili wapendanao, wala si hadithi ya Afrika. Ukisikiliza, utaona kwamba alishika neno lake. Vyombo vya nyuzi vinatiririka polepole na pembe zinaitana kwa mbali. Katika onyesho mashuhuri la ndege, Denys anampeleka Karen angani, chini yao nchi inatandazika na makundi ya heroe yanaruka ziwani. Hapana maneno. Karen ananyoosha mkono nyuma, Denys anaushika, na muziki unafura hadi kujaza jumba zima. Muziki huo hausemi "nchi hii ni nzuri". Unasema "nchi hii ni nzuri kwa sababu nimeiona nikiwa nawe". Huko ni kusimulia kwa nafsi ya kwanza, na nafsi hiyo ni ya Karen.

Muziki wa ndani ya kisa nao uko upande ule ule. Denys anamletea Karen gramafoni, na kinachochezwa ni Mozart. Katika onyesho moja santuri hiyo inachezewa hata nyani porini. Sauti kubwa mbili za filamu hii, ile ya ndani na ile ya nje, zote zimetoka Ulaya. Farah, Kamante na Mzee Kinanjui wana nyuso, wana maneno na wana heshima yao, lakini muziki hauwasindikizi katika fikira zao. Wanapoondoka katika picha, hakuna sauti inayobaki kuwakumbuka.

Hapa msomaji anaweza kutupinga, na hoja yake ina uzito. Je, tungefurahi kama Barry angepiga ngoma kila Mwafrika alipopita mbele ya kamera? La hasha. Hiyo ingekuwa dharau kubwa zaidi, maana ingeyageuza maisha ya watu kuwa pambo. Kwa hiyo suala letu si chombo kilichotumika. Fidla inaweza kuyabeba mawazo ya Mkikuyu, kama vile lugha ya Kiswahili inavyoweza kuyabeba mawazo ya Mdenmark. Suala ni nani aliyepewa undani. Mtu anayesindikizwa na muziki huwa na moyo. Asiyesindikizwa huwa sehemu ya mandhari.

6.4 Baada ya Out of Africa

Mwaka 1988 Barry aliugua vibaya baada ya kupasuka umio, akakaa kando ya kazi kwa takriban miaka 2. Aliporudi alitunga muziki wa Dances with Wolves ya mwaka 1990, uliompa Oscar ya mwisho. Ile nyingine aliipata kwa The Lion in Winter ya mwaka 1968, ambamo alitumia kwaya iliyoimba kwa Kilatini. Dances with Wolves inahusu askari Mmarekani anayekwenda kuishi na watu wa Lakota, na hapo pia okestra inafuata moyo wa askari kuliko mioyo ya wenyeji. Filamu ya mwisho aliyoitungia muziki ni Enigma ya mwaka 2001. Alifariki dunia katika jimbo la New York tarehe 30 Januari 2011.

7.0 Yule Aliyekuwa Mbele ya Kamera

Katika orodha ya waigizaji wa Out of Africa limo jina la Job Seda, aliyeigiza mhusika mdogo aitwaye Kanuthia. Wengi wamelipita jina hilo bila kujua kwamba ni mwanamuziki Ayub Ogada, mpigaji nyatiti, aliyezaliwa Mombasa mwaka 1956 na aliyekuwa katika bendi ya African Heritage ya Nairobi. Katika filamu ile Ogada alionekana kwa sura. Nyatiti yake, chombo cha nyuzi 8 ambacho Wajaluo wamekitumia kwa kusifu, kuomboleza na kusimulia, haikuhitajika.

Baadaye Ogada alikwenda Uingereza, akapiga nyatiti katika vituo vya treni za chini ya ardhi London, na mwaka 1993 akatoa albamu ya En Mana Kuoyo. Ndani yake umo wimbo Kothbiro, jina ambalo kwa Dholuo lina maana ya mvua inakuja. Mwaka 2005 ilitoka filamu ya The Constant Gardener, iliyoelekezwa na Fernando Meirelles na kupigwa kwa sehemu kubwa nchini Kenya. Mtunzi wake mkuu alikuwa Mhispania Alberto Iglesias, lakini Kothbiro ulitiwa ndani. Miaka 20 baada ya Out of Africa, sauti ya yule aliyekuwa Kanuthia ikasikika katika majumba ya sinema ya dunia.

Tusishangilie kupita kiasi. Katika The Constant Gardener pia, mhusika mkuu ni Mwingereza, na nyatiti inasaidia kuubeba msiba wake. Kusikika si sawa na kusimulia. Hata hivyo hatua ile ni kubwa, kwa kuwa mtazamaji anayejua Dholuo alipata katika filamu hiyo kitu ambacho mtazamaji wa London hakukipata: maana ya maneno. Kwa mara moja, wenye nchi walikuwa wao wanaojua zaidi. Ogada alifariki mwaka 2019.

8.0 Maswali kwa Mhakiki

Kutokana na mjadala huu, tunapendekeza maswali manne ambayo mwanafunzi anaweza kuyatumia anapohakiki filamu au mchezo wa runinga.

(a) Muziki unaingia lini na unanyamaza lini? Mwanafunzi aandike dakika zenyewe. Mara nyingi ukimya utamfunulia zaidi ya sauti.

(b) Muziki huu unasikika ndani ya kisa au nje yake? Kama ni ndani, nani ameuleta, na nani anayeusikiliza?

(c) Muziki unasimama karibu na nani? Wahusika wawili wanapokuwa katika onyesho moja, ni hisia za yupi zinazofuatwa? Je, yupo mhusika ambaye hafuatwi kamwe?

(d) Ni motifu gani ya sauti inayorudiwa, na inabadilikaje kila irudipo? Kibwagizo cha shairi hupata uzito mpya kila baada ya ubeti. Mahadhi ya filamu hufanya hivyo pia.

Ili kuyajibu maswali haya si lazima mtu ajue kusoma nota. Tunahitaji sikio lililo makini na nidhamu ya kuandika tulichosikia kabla ya kuandika tulichofikiri.

9.0 Hitimisho

Tumeona kwamba Barry alikuwa fundi aliyejua kuwapa Bond na Palmer nafsi mbili tofauti kwa kubadilisha vyombo na mwendo. Tumeona pia kwamba katika filamu mbili za Kenya ujuzi huo ulielekezwa kwa simba na kwa wageni. Hatusemi hivi ili kumhukumu marehemu. Mtunzi hutumwa na mwelekezi, na mwelekezi naye hutumwa na hadithi aliyoichagua. Kazi ya Barry inastahili kusikilizwa na kujifunzwa, kwa sababu aliyefanya jambo kwa ustadi ndiye anayetufundisha vizuri zaidi jambo hilo linafanya nini.

Dosari iliyo karibu nasi ni yetu wenyewe. Ni wangapi kati ya wasomaji wa jarida hili wanaoweza kumtaja mtu aliyetunga au kuchagua muziki wa kufungulia Vitimbi au Vioja Mahakamani, vipindi vya Kiswahili vilivyoyakuza masikio ya Wakenya wengi? Tumeziandikia tasnifu riwaya na tamthilia zetu, na ni vyema. Lakini watunzi wa sauti za michezo yetu ya runinga na filamu zetu wanazeeka na kufa kabla ya kuhojiwa. Mwanafunzi wa uzamili anayetafuta mada ya utafiti hana haja ya kwenda mbali. Achukue kinasa sauti, amtafute mtunzi mmoja aliye hai, amuulize alikuwa akimsikiliza nani alipokuwa akitunga. Jibu la swali hilo litakuwa limeingia katika uhakiki wa Kiswahili kwa mara ya kwanza, na halitahitaji kusubiri mgeni wa kutusimulia.